Fungu la Msikilizaji

Wanapouzungumzia ucheshi wa Wamarekani Weusi, yaani ule utamaduni mrefu wa ngano, utani, mafumbo, kejeli na maonyesho ya jukwaani uliojengwa na wazao wa Waafrika waliopelekwa Marekani kwa nguvu, waandishi wengi huukimbilia ufafanuzi mmoja, kwamba watu hao walicheka ili wasilie. Ufafanuzi huo una huruma, na kwa kiasi fulani una ukweli, lakini unaugeuza ucheshi kuwa kituliza maumivu tu, kitu anachokimeza mtu aliyezidiwa, na hivyo unamsahau fundi. Kulia hakuhitaji mafunzo, wala kucheka kwa uchungu hakuhitaji. Ilhali anayesikiliza kwa makini kazi ya Bert Williams, Moms Mabley, Dick Gregory au Richard Pryor anakutana na watu waliopima kila neno, kila pumzi na kila pindi ya kunyamaza kwa uangalifu uleule anaoutumia mshairi wa Kiswahili kupima mizani.

Insha hii inashikilia kwamba kiini cha ufundi huo ni kumwachia msikilizaji fungu lake. Mchekeshaji wa utamaduni huu huyapanga maneno, uso na ukimya kwa namna ambayo jambo lililo zito kuliko yote halitamkwi naye. Hulifikisha karibu kabisa na fahamu za msikilizaji, na msikilizaji ndiye anayelimalizia moyoni mwake. Kicheko kinapomtoka, amekwisha kukiri kwamba ameelewa, na mtu aliyekiri kwamba ameelewa hawezi tena kudai kwamba hakuambiwa. Wanafasihi hukiita kinaya usemi ambao maana yake ya ndani inapingana na maana yake ya juu, na bila shaka kinaya ndicho chombo kikuu cha ucheshi huu. Lakini kinaya cha vitabuni kinaweza kusomwa na mtu mmoja peke yake chumbani, ilhali hiki kilizaliwa mbele ya watu wa aina mbili waliosikia maneno yaleyale kwa wakati mmoja, mmoja akiwa na uwezo wa kumuua msemaji na mwingine akiwa ndugu yake.

Katika mashamba ya pamba, tumbaku na miwa ya kusini mwa Marekani, ambako utumwa ulidumu hadi mwaka 1865, mtumwa hakuwa na haki ya kumjibu bwana wake wala ya kutoa ushahidi mahakamani dhidi ya Mzungu, kwa hiyo kila alichotaka kukisema juu ya hali yake ilibidi kipite njia ya kuzunguka. Ngano za Sungura, ambazo msomaji wa Kiswahili hahitaji kuelezwa, maana mnyama huyohuyo mdogo anayewashinda wakubwa kwa akili ameenea katika hadithi za Afrika Mashariki na ya Kati, zilikuwa na ndugu zao katika sehemu nyingine za bara hili, nazo zilivuka bahari pamoja na watu zikaendelea kusimuliwa kwa Kiingereza cha Weusi. Pembeni mwa Sungura walitokea wahusika wawili wa kibinadamu, mtumwa aitwaye John na bwana wake, ambao visa vyao vilisimuliwa kwa vizazi vingi hata baada ya utumwa kufutwa. Mwandishi Zora Neale Hurston, aliyezaliwa mwaka 1891 na kukulia Eatonville, mji mdogo wa Florida ulioongozwa na Weusi wenyewe tangu mwaka 1887, alirudi huko akiwa amesomea anthropolojia, yaani elimu ya maisha na tamaduni za watu, chini ya mtaalamu Franz Boas mjini New York. Akakaa na wanakijiji kwenye baraza la duka, akavikusanya visa hivyo, na kuvichapisha mwaka 1935 katika kitabu kiitwacho Mules and Men.

Kimojawapo kinastahili kutazamwa kwa karibu. John anawaokoa watoto wa bwana wake wasife maji, na bwana, kwa shukrani, anaahidi kumpa uhuru mara mavuno yatakapokwisha. Siku inapofika, John anatia vitu vyake mfukoni, anautupa begani na kushika njia ya Kanada, nchi ambayo watumwa wengi walikimbilia kwa sababu sheria za Marekani hazikuwafikia huko. Nyuma yake bwana anaanza kumwita kwa sauti ya huzuni, akimkumbusha kwamba watoto wanampenda, kwamba bibi wa nyumba anampenda, kwamba yeye mwenyewe anampenda, ila asisahau yeye ni nani, na hapo analitaja lile neno la matusi ambalo Wazungu walilitumia kuwaita Weusi. Kila anapoitwa, John anaitikia kwa adabu yote, na kila anapoitikia anaendelea kutembea. Katika kisa hicho hakuna sentensi hata moja inayosema kwamba mapenzi ya mwenye mtumwa ni mapenzi ya mtu kwa mali yake, wala hakuna inayosema kwamba uhuru hauombewi ruhusa mara mbili. Mdomo wa John unatii mpaka mwisho, miguu yake ndiyo inayojibu, na anayesikiliza ndiye anayeona kwamba mdomo na miguu havisemi neno moja. Msimuliaji angeongeza maelezo hata ya maneno matano, kisa kingekufa.

Ustadi huohuo ulipata umbo la maandishi mwaka uleule ambao utumwa ulikoma. Agosti 1865, miezi michache baada ya vita vya wenyewe kwa wenyewe kumalizika, Jourdon Anderson, mtu aliyekuwa mtumwa katika jimbo la Tennessee na ambaye sasa aliishi na familia yake Dayton katika jimbo la Ohio, alimjibu aliyekuwa bwana wake, Kanali P. H. Anderson, ambaye alikuwa amemwandikia kumwomba arudi shambani kwa ahadi kwamba atatendewa vizuri kuliko mtu mwingine yeyote angeweza kumtendea. Jourdon aliisema barua yake ikaandikwa, na ikachapishwa magazetini mwaka huohuo. Inaanza kwa maamkizi ya heshima. Mwandishi anafurahi kwamba bwana wake wa zamani hajamsahau, na anafurahi pia kusikia kwamba yungali hai, ingawa bwana huyo alimfyatulia risasi mara mbili kabla hajaondoka. Kisha anaeleza kwa utulivu hali yake ya sasa: anapata dola 25 kwa mwezi, pamoja na chakula na mavazi, watoto wanasoma, mke wake, Mandy, anaitwa kwa heshima na watu. Baada ya hapo anafika kwenye jambo lenyewe, yaani kwamba yeye na mkewe wameona vema kuupima unyofu wa bwana kwa kumwomba awatumie kwanza mishahara ya miaka waliyomtumikia, ambayo ni miaka 32 kwa Jourdon kwa dola 25 kila mwezi, na miaka 20 kwa Mandy kwa dola 2 kila wiki, jumla dola 11,680.

Hesabu hiyo ni sahihi, na usahihi wake ni sehemu ya ufundi. Mtu mwenye ghadhabu angetaja kiasi kikubwa cha kubuni, na msomaji angekiona kuwa ghadhabu. Jourdon anataja kiasi ambacho karani yeyote angeweza kukikagua, kisha anaagiza kwamba riba ya miaka yote iongezwe, na kwamba yapunguzwe yale ambayo bwana aliyatoa kwa ajili yao, nayo ni mavazi, daktari aliyekuja mara tatu kumtibu yeye, na jino moja la Mandy lililong'olewa. Jino hilo ni kazi ya bingwa. Miaka 52 ya jasho la watu wawili imewekwa upande mmoja wa daftari, na upande wa pili, kwa haki kamili na bila kupandisha sauti, limewekwa jino moja. Mwandishi hasemi lolote juu ya uwiano huo, anaendelea tu na biashara yake. Zaidi mbele anauliza kama mabinti zake, ambao wamekua na ni wazuri wa sura, watakuwa salama wakirudi, na hapo kwa kitambo kifupi utani unaondoka kabisa, kwa sababu yapo mambo ambayo baba hayasemi kwa kuzunguka. Halafu barua inarudi kwenye adabu yake na kufunga kwa salamu, ikimshukuru mtu mmoja kwa kumnyang'anya bwana bastola siku ile alipokuwa akimfyatulia Jourdon risasi. Jourdon hakurudi Tennessee. Aliishi Dayton maisha yake yaliyobaki na akazikwa huko. Katika fasihi yote ya Marekani ya karne ile ni vigumu kupata kurasa chache zilizoandikwa kwa mkono ulio thabiti kuliko huu.

Shule ya ulimi wa namna hiyo ilikuwa mitaani na barazani, na somo lake maarufu kuliko yote ni mchezo uitwao dazeni, ambao vijana wawili husimama mbele ya wenzao wakatukaniana mama, umaskini na sura kwa chuku na vina, kila mmoja akijaribu kulipita tusi la mwenzake. Vijana wa Nairobi wanaoshindana kwa mchongoano wataitambua sheria yake mara moja: anayekasirika ameshindwa. Henry Louis Gates Jr., katika kitabu chake cha mwaka 1988 juu ya nadharia ya fasihi ya Wamarekani Weusi, aliuweka mchezo huu ndani ya sanaa pana zaidi ya kusema kwa kuzunguka, ambayo ndani yake maneno hayana budi kusomwa kwa kuangalia nani anasema, kwa nani, na mbele ya nani. Kwa mtoto ambaye kesho yake angeweza kutukanwa na askari au mwajiri, na kwa hasira ya sekunde moja akapoteza kazi au uhai, mazoezi ya kusimama imara akitukanwa na kujibu kwa akili badala ya ngumi hayakuwa mchezo mtupu.

Sanaa inayomwachia msikilizaji fungu lake ina hatari yake, kwamba msikilizaji anaweza kulimalizia vibaya, nayo ilijitokeza mapema. Mnamo miaka ya 1830 mwigizaji Mzungu, T. D. Rice, alijipaka masizi usoni akaimba na kucheza kwa jina la Jim Crow, akidai kumwigiza mtumwa Mweusi, na kutokana naye na wenzake yakaenea maonyesho ya minstreli, yaani maonyesho ya nyimbo, ngoma na vichekesho ambayo Wazungu waliopaka nyuso zao masizi ya vizibo vilivyochomwa walimwonyesha Mweusi kama mvivu, mwizi wa kuku na mpumbavu mwenye furaha. Jina la mhusika huyo baadaye ndilo lililobandikwa sheria za ubaguzi wa rangi za kusini. Mambo mengi ambayo watumwa waliyabuni kuwakejeli mabwana, kama ngoma ya keki, ambayo wachezaji waliiga maringo ya Wazungu kwenye dansi zao, yalichukuliwa na maonyesho hayo yakarudishwa kama ushahidi wa upumbavu wa Weusi. Na wasanii Weusi walipopata nafasi ya kupanda majukwaa yaleyale, hadhira ilidai kwamba nao wajipake masizi juu ya ngozi zao wenyewe.

Bert Williams, aliyezaliwa Bahamas mwaka 1874, alifanya karibu kazi yake yote chini ya masharti hayo. Pamoja na mwenzake George Walker alipeleka katikati ya New York mwaka 1903 mchezo wa In Dahomey, ulioandikwa na kuchezwa na Weusi, ambao mwaka huohuo ulivuka kwenda London na kuonyeshwa katika kasri la Buckingham. Na kuanzia mwaka 1910 aliingia katika maonyesho makubwa ya mtayarishaji Ziegfeld, akiwa Mweusi peke yake miongoni mwa nyota Wazungu. Wapo wanaomlaumu kwa masizi, na lawama hiyo inaeleweka, lakini haikitazami anachokifanya chini ya masizi hayo. Katika filamu fupi ya mwaka 1916, A Natural Born Gambler, kuna tukio ambalo anacheza karata peke yake katika chumba cha jela, bila karata na bila wachezaji. Anagawa kwa vidole vitupu, anazipokea zake, anazifungua polepole karibu na kifua; macho yake yanamfuata mchezaji wa kushoto asiyekuwepo, kisha wa kulia; tumaini linapanda usoni, linafichwa haraka, halafu, karata za mwenzake zinapofunuliwa mezani, linazama. Hakuna neno, na hakuna kitu kinachochekesha kwa maana ya kawaida. Lakini mtazamaji anawaona watu wanne mezani, kwa sababu Williams amemkabidhi kazi ya kuwaumba. Mtazamaji aliyelipa tiketi ili amcheke mpumbavu amejikuta akisoma mawazo ya mtu mwenye akili, tena akiyasoma kwa bidii. Williams alikufa mwaka 1922, na hakuna mchekeshaji wa Marekani aliyekuja baadaye, mweupe au mweusi, asiyedaiwa naye kitu.

Nje ya majukwaa hayo wasanii Weusi walikuwa na mzunguko wao wa kumbi, kutoka miji ya kusini hadi Apollo ya Harlem, ambako hadhira ilikuwa yao na masizi polepole yakakosa kazi. Katika mzunguko huo alikulia Moms Mabley, mzaliwa wa Brevard, North Carolina, ambaye tangu ujanani alijivika umbo la bibi kizee: gauni la nyumbani, kofia iliyolegea, soksi zilizoshuka, na baadaye kinywa kisicho na meno. Hadhira yake aliiita watoto wake, na ndipo penye akili ya mpango mzima, kwa sababu mwanamke kijana anayezungumzia tamaa, siasa na ujinga wa wanaume angezomewa, ilhali bibi anayewasemesha wajukuu ana ruhusa ambayo hata rais hana. Akiwa ndani ya gauni hilo aliwashauri marais, aliwakemea wabaguzi wa kusini kama watoto watukutu, na aliwakataa waume wazee kwa maneno ambayo hayafai kurudiwa mbele ya wakwe. Mwaka 1962, baada ya miongo kadhaa ya kazi, alisimama katika ukumbi wa Carnegie Hall. Redd Foxx, aliyetoka mzunguko huohuo, aliuza santuri za vichekesho vikali katika miaka ya 1950, ambazo watu walizisikiliza majumbani, kisha akawa nyota wa televisheni katika miaka ya 1970.

Hadi hapo ucheshi huu ulikuwa umejua kusema na bwana bila yeye kuelewa, na kusema na ndugu bila bwana kuwepo. Dick Gregory ndiye aliyesimama mbele ya bwana, ana kwa ana, akamtaka aelewe. Januari 1961 alipewa nafasi ya usiku mmoja katika klabu ya Playboy mjini Chicago, na ukumbini, badala ya hadhira ya kawaida, walikuwemo wafanyabiashara Wazungu kutoka kusini. Alivaa suti, alikaa kitini, alivuta sigara na kusema kwa sauti ya mtu anayetoa taarifa ya hali ya hewa. Kisa chake kinachojulikana zaidi ni cha mkahawa wa kusini, ambako Mweusi ameketi na kuku mzima wa kukaanga mbele yake. Wazungu watatu wanamkaribia na kumwonya kwamba lolote atakalomfanyia kuku yule, nao watamfanyia yeye. Basi anaweka chini kisu na uma, anamwinua kuku, na kumbusu.

Kisa kinakoma hapo, na ni lazima kikome hapo. Gregory hasemi walichofanya wale watatu. Anayesikiliza ndiye anayewaona wakiwa wamefungwa na neno lao wenyewe, wakilazimika kuchagua kati ya kuvunja kiapo na kumbusu Mweusi hadharani, tena pengine si mdomoni. Kwa kucheka, mfanyabiashara wa kusini amewaweka watu wa kwao katika fedheha kwa mkono wake mwenyewe. Usiku huo ulizaa mkataba, na mkataba ukazaa umaarufu, ambao Gregory aliutumia kuingia katika harakati za haki za kiraia. Alifungwa jela Birmingham mwaka 1963, na mwaka 1965 alipigwa risasi mguuni alipojaribu kutuliza ghasia za Watts mjini Los Angeles. Hadi kifo chake mwaka 2017 hakuona mpaka kati ya kazi hizo mbili.

Richard Pryor, aliyezaliwa Peoria, Illinois, mwaka 1940, na kulelewa na nyanya yake aliyeendesha danguro, alianza kwa kuiga wachekeshaji wasafi waliopendwa na televisheni, na akafanikiwa. Mwaka 1967, akiwa jukwaani katika hoteli ya Aladdin mjini Las Vegas, aliikatiza kazi hiyo na kuondoka. Aliporudi miaka michache baadaye alikuwa ameacha kutoa vichekesho kwa maana ya zamani, yaani maneno machache yanayojengwa kuelekea kilele, na badala yake aliwaleta jukwaani watu: walevi, wahubiri, askari, makahaba, wazee wa vijiweni, na Mudbone, mzee wa Mississippi mwenye hadithi zisizokwisha, ambaye angekaribishwa bila maswali kwenye baraza la Eatonville. Kila mtu alipewa sauti, mwendo na heshima yake, na hakuna aliyechekwa kwa sababu ya kuwa maskini.

Katika onyesho lililorekodiwa Long Beach, California, Desemba 1978, anasimulia alivyopatwa na mshtuko wa moyo. Anatembea kawaida, kisha mkono unakunjika kifuani, na moyo wenyewe unaanza kusema kwa sauti ya mkorofi wa mtaani anayemkaba mtu kichochoroni: usipumue. Anakubali. Anashushwa goti moja, halafu la pili, moyo ukimuuliza kwa nini sasa anafikiria kifo ilhali hakukifikiria alipokuwa akila nyama ya nguruwe. Anajaribu kumpigia Mungu simu, na moyo unamkamata akienda kushtaki kwa siri. Mwishoni mtu mzima amelala chali sakafuni, akigaagaa, na maelfu ya watu wanacheka hadi machozi. Kinachostaajabisha ni utaratibu uliomo ndani ya fujo hiyo. Kuna watu wawili katika mwili mmoja, na kila mmoja ana upande wake wa uso. Kuna lugha ya askari na mshukiwa, ambayo kila Mweusi ukumbini aliitambua bila kuambiwa, ikiwa imehamishiwa ndani ya kifua. Na kuna hofu ya kweli, isiyopunguzwa, ambayo mtazamaji anaimalizia kwa kuweka mkono wake mwenyewe kifuani.

Pryor ndiye pia anayeuunganisha utamaduni huu na Afrika Mashariki kwa namna isiyo ya kubuni. Kwa miaka mingi alilitumia jukwaani lile neno la matusi, akiamini kwamba kulirudia kungelinyang'anya sumu yake, na albamu yake ya mwaka 1974 iliyolibeba katika jina ilipata tuzo ya Grammy. Mwaka 1979 alitembelea Kenya. Katika filamu yake ya mwaka 1982, Live on the Sunset Strip, alisimulia jinsi alivyokaa hotelini akiwatazama watu wa rangi na kazi za kila aina wakipita, akatambua kwamba miongoni mwao hakuna hata mmoja anayestahili jina lile, na kwamba tangu awasili hakuwa amelitamka. Tangu hapo aliliacha. Mtu aliyejenga sifa yake kwa kusema lisilosemeka alisimama mbele ya hadhira iliyolipa kumsikia akilisema, akaieleza kwa nini halisemi tena, na ukumbi uliojaa kicheko ukatulia. Hakuna ushahidi ulio wazi zaidi kwamba ulimi wake ulikuwa na bwana, na bwana huyo alikuwa yeye mwenyewe.

Swali ambalo minstreli iliuliza, yaani msikilizaji anacheka nini hasa, halikufa pamoja nayo. Mwaka 2005 Dave Chappelle, aliyekuwa na kipindi cha vichekesho cha televisheni kilichopendwa sana na mkataba ulioripotiwa kufikia dola milioni 50, aliondoka katikati ya utengenezaji wa msimu wa tatu akaenda Afrika Kusini. Baadaye alieleza kwamba, wakati wa kupiga igizo moja lililokuwa na mhusika aliyepakwa masizi, alisikia kicheko cha Mzungu mmoja miongoni mwa wafanyakazi, na kicheko hicho kilimtia shaka. Wengi hawakuelewa jinsi kicheko kimoja kinavyoweza kuwa na uzito kuliko mamilioni ya dola. Lakini katika sanaa ambayo msikilizaji ndiye anayemalizia, kicheko ndiyo taarifa pekee anayoipata fundi juu ya kile kilichokamilishwa katika kichwa cha mwenzake, na Chappelle alisikia kwamba kilichokamilishwa hakikuwa alichokianzisha. Uamuzi wake unapaswa kuhesabiwa miongoni mwa kazi zake nzuri.

Ufundi wa namna hii haujifunzwi kwa kusoma juu yake. Walimu wa fasihi simulizi katika vyuo vya Afrika Mashariki, na vijana wanaopanda majukwaa ya vichekesho Dar es Salaam, Nairobi na Kampala, watafute barua ya Jourdon Anderson, watafute filamu ya Bert Williams ya 1916 na onyesho la Pryor la Long Beach. Mara ya kwanza wacheke watakavyo. Mara ya pili wazime sauti, na wamtazame fundi anavyosubiri.